Amri ya korti unayo, mwenzio hataki kuitii: la kufanya

Kazi yangu ni kufikisha hati za korti. Wakili akishafungua faili na kupata karatasi yenye muhuri, mimi ndiye ninayekwenda kupiga hodi kwa mtu ambaye mara nyingi hataki kuniona. Nimeifanya kazi hii Pwani ya Kenya kwa miaka kumi na saba, Malindi hadi Kwale, na kauli niliyoisikia mara nyingi kuliko zote ofisini mwa mawakili ni hii: "Amri ya jaji ninayo, na hata jana kaivunja. Nataka afungwe." Wengi wanaoisema wana haki kabisa. Bado maombi yao hutupwa, nao hurudi nyumbani wakiamini korti imenunuliwa. Mimi nimeyaona mafaili yao. Kilichowaangusha ni karatasi: ilivyoandikwa, ilivyofikishwa, na siku iliyofikishwa.

Nitaeleza njia yote nikimtaja mama mmoja ambaye kosa langu lilimgharimu. Jirani yake aliziba kwa seng'enge njia ya kwendea kisimani, njia iliyopitwa na familia yake tangu enzi za babu. Mama akafungua kesi, akapata amri ya muda ya kumzuia jirani asiizibe njia ile, na wakili akanikabidhi mimi niipeleke. Nilikuwa na miezi michache tu kazini. Nilifika langoni, mlinzi akaniambia tajiri wake hayupo, nikamwachia mlinzi, nikaondoka. Yaliyofuata nitayasema mahali pake.

Isome amri kana kwamba umeamriwa wewe

Kabla ya kuwaza kumshtaki mtu kwa kudharau mahakama, kaa chini na amri yako uisome kwa macho ya yule anayetakiwa kuitii. Nani anatakiwa kufanya nini, au kuacha nini, wapi, na kufikia lini? Kama jibu la swali lolote kati ya haya haliko kwenye karatasi na linahitaji wewe ulieleze kwa mdomo, amri hiyo ina tundu, na wakili wa upande wa pili atapenya hapo hapo. Jaji hamfungi mtu kwa kuvunja amri ambayo watu wawili wenye akili timamu wanaweza kuielewa kwa namna mbili.

Katika zote nilizopeleka, amri iliyowatesa watu zaidi ni ile ya "hali ibaki kama ilivyo". Hutolewa upesi, hasa katika kesi za ardhi, na inapendeza masikioni. Lakini hali ipi, na ya siku gani? Aliyekuwa akilima atasema hali ni yeye kulima. Mwenye hati miliki atasema hali ni yeye kuwa mwenye shamba. Nimeona pande zote mbili zikitoka mlangoni mwa korti zikipongezana kwa amri moja, na baada ya wiki mbili kila upande unamshtaki mwenziwe kwa kuivunja. Ukipewa amri ya namna hiyo, mwombe wakili wako asimame papo hapo amsihi jaji aifungue: fulani aendelee kukaa katika nyumba ile, fulani asijenge wala kukata mti, shamba lisiuzwe wala kuwekwa rehani, mpaka tarehe fulani. Kama mmeshatoka, rudini kwa ombi la ufafanuzi. Utaona unapoteza muda, lakini bila hilo utaupoteza mara mbili.

Amri ya kumtaka mtu atende jambo lazima iwe na siku. "Aondoe seng'enge" bila muda humpa mtu nafasi ya kusema kila mwezi kwamba bado anatafuta vibarua. "Aondoe ndani ya siku 14 tangu akabidhiwe amri hii" haimpi.

Na jambo moja nalisema mapema ili mtu asitumie pesa bure. Kama amri yako ni ya kulipwa deni la kawaida kati yako na mtu binafsi au kampuni, njia yako siyo hii. Deni lina njia zake za utekelezaji: kukamata mali, kuzuia pesa zilizo benki, kumwita mdaiwa ajieleze kwa nini asitiwe kifungo cha madai. Kudharau mahakama ni kwa amri za kutenda na kutotenda: usijenge, usiuze, mruhusu mtoto amwone baba yake Jumamosi, mrudishe kazini, fungua njia.

Amri ina umri wake

Hapa ndipo kosa langu lilipokaa. Chini ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010, Agizo la 40, amri ya kuzuia inayotolewa baada ya kusikilizwa upande mmoja tu haipewi zaidi ya siku 14. Inaweza kuongezwa mara moja, kwa maafikiano ya pande zote au kwa amri ya korti, na nyongeza yenyewe haizidi siku 14. Tena, amri hiyo pamoja na ombi na hati za kesi lazima zifikishwe kwa upande wa pili ndani ya siku 3 tangu itolewe. Siku 3 zikipita bila kufikishwa ipasavyo, amri inakufa yenyewe. Hakuna haja ya jaji kuifuta.

Mlinzi niliyemwachia karatasi ya mama yule hakuwa mtu wa kupokea hati za tajiri wake. Sheria inasema ukijaribu mara kadhaa za kutosha na mhusika hapatikani, unaweza kumkabidhi wakala wake aliyeruhusiwa kupokea, au mtu mzima wa familia yake anayeishi naye. Mlinzi wa kuajiriwa siye wakala wala familia. Wakili wa jirani alisimama akahesabu siku kwa vidole mbele ya jaji, na ombi letu la kudharau mahakama likaanguka kwa sababu siku ile seng'enge ilipokazwa upya, hapakuwa na amri hai ya kuvunjwa. Mama aliniangalia tu. Aliendelea kuzunguka njia ndefu kwenda kisimani kwa miezi mingine kadhaa kwa sababu yangu, na hilo sijalisahau.

Umri mwingine ambao watu hawaujui ni miezi 12. Amri ya kuzuia iliyotolewa wakati kesi inaendelea hukoma kama kesi haijamalizika ndani ya miezi 12 tangu amri itolewe, isipokuwa korti iwe imeamua vinginevyo kwa sababu ya kutosha. Kesi za ardhi zinavyochukua miaka, watu wengi sana wanatembea na amri zilizokwisha kufa wakidhani bado zinawalinda. Angalia tarehe ya yako leo hii. Ikikaribia mwaka, wakili aombe iongezwe kabla, asingoje mpaka tingatinga lifike.

Jinsi ya kuifikisha ili isikanushwe

Kwanza amri itolewe kwa maandishi, itiwe sahihi na msajili na kupigwa muhuri. Maneno ya jaji aliyoyatamka yanamfunga aliyekuwepo, lakini karatasi yenye muhuri ndiyo nitakayoweza kumtia mtu mkononi.

Pili, mbele kabisa ya karatasi hiyo, juu, kwa herufi zinazosomeka, iwekwe ilani ya adhabu. Iwe na maana hii: wewe fulani bin fulani, ukikaidi amri hii unaweza kuhesabiwa umedharau mahakama, na unaweza kufungwa jela, kutozwa faini au mali yako kukamatwa. Majaji hawakuwa na msimamo mmoja kuhusu amri isiyo na ilani hii, na ndiyo sababu mimi siipokei amri ya kuzuia kwa wakili yeyote bila kuitafuta ilani kwanza. Kuichapa ni mistari mitatu. Kuikosa kunaweza kukutupa nje.

Tatu, mkabidhi mhusika mwenyewe, uso kwa uso. Mara ya pili, baada ya pande zote kusikilizwa na jaji kutoa amri mpya kwa mama yule, nilikwenda kwa jirani alfajiri, kabla hajatoka. Nilikwenda na kijana wa ukoo wa mama anayemjua jirani kwa sura, kwa sababu mimi sikuwa nimewahi kumwona. Tulimkuta ukumbini.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Niambie, mwanangu."

"Wewe ndiwe fulani?" Nikamtaja kwa majina yake matatu. Akasema ndiye. "Nimekuletea amri ya korti, na mbele yake pana onyo. Naomba nikusomee mstari wa kwanza."

Alinyanyua mkono. "Sitii sahihi karatasi yoyote."

"Si lazima utie, mzee. Naiweka hapa mezani mbele yako."

Nikaiweka. Nikatoka nje ya lango, na kabla ya kuwasha pikipiki nikaandika kwenye nakala yangu: siku, saa kumi na mbili na dakika ishirini asubuhi, ukumbini, mbele ya meza ya mbao, amekataa kutia sahihi, ametambulishwa na fulani. Mtu akikataa kupokea, mwambie ni nini, iweke mbele yake, na uandike. Kukataa hakumwokoi.

Nne, hati ya kiapo ya ufikishaji. Mimi huiandika siku hiyo hiyo, kumbukumbu ingali na joto. Itaje saa, mahali, nani alikuonyesha mhusika na anaishi wapi, ulimjuaje, alisema nini. Anayekana kupokea huwa anawategemea watumishi wa hati wanaoandika "nilimkabidhi" bila neno la zaidi. Siku ya kuhojiwa kortini, rangi ya mlango na jina la aliyekutambulisha ndivyo vinavyokusimamisha.

Kampuni hukabidhiwa kupitia katibu wake, mkurugenzi au afisa wake mkuu. Lakini ukitaka mtu afungwe, kumbuka jela haina chumba cha kampuni. Peleka nakala kwa kila mkurugenzi unayetaka awajibike, kila mmoja kwa jina lake, mwenyewe. Mkurugenzi ambaye hukumpa karatasi atasema hakujua, na utashindwa kumvunjia kauli.

Tangu 2020 kanuni zinaruhusu pia kufikisha hati kwa barua pepe na kwa programu za ujumbe wa simu kama WhatsApp, kwa anwani au nambari ya mwisho inayojulikana kuwa anaitumia. Tumia, tena tumia sana, lakini kama nyongeza ya kumfikia mkononi. Hifadhi uthibitisho wa kupelekwa, chapisha ukurasa wenye nambari, tarehe na saa, uubandike kwenye kiapo. Na kama mtu anajificha kweli, usibuni njia yako. Nenda kortini na viapo vya safari ulizofanya, uombe ruhusa ya kufikisha kwa njia mbadala: kubandika mlangoni, kutangaza gazetini, kwa simu, vyovyote jaji atakavyosema.

Je, kama hukumfikia, lakini ana habari? Hapa sheria imelegea kidogo, na ni vizuri ujue. Katika kesi ya Shimmers Plaza dhidi ya National Bank of Kenya, mwaka 2015, Mahakama ya Rufani ilisema kinachotakiwa ni mtu kuijua amri, na kwamba wakili akiwa kortini amri inapotolewa, huchukuliwa kwamba mteja wake anaijua. Kwa hiyo mwambie wakili wako ahakikishe kumbukumbu za siku hiyo zinaonyesha nani aliwakilisha nani. Mimi bado nakwenda na karatasi. Ukijenga kesi yako juu ya "alijua", utashinda kwa jasho jingi. Ukiijenga juu ya "nilimpa saa kumi na mbili na dakika ishirini", mengi yamekwisha.

Kusanya ushahidi kabla ya kukasirika

Amri ikishafika, mpe mtu nafasi ya kutii, kisha angalia. Akivunja, piga picha mara nyingi, kutoka mahali pamoja, yenye kitu kisichohama kama mkoko au mnara, ili picha ya kabla na ya baada zifanane kila kitu isipokuwa uvunjaji wenyewe. Andika daftari: siku, saa, nani alikuwepo, alifanya nini kwa mikono yake, nani alimtuma. Picha na video za simu zinahitaji cheti cha ushahidi wa kielektroniki chini ya Sheria ya Ushahidi, kikieleza simu gani ilitumika na nani aliichapisha. Mawakili wachanga hukisahau, na picha nzuri hubaki kwenye faili kama mapambo. Ripoti polisi upewe nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo. Kama ni mpaka wa shamba, ripoti ya mpima ardhi ina uzito kuliko mashahidi kumi wa ukoo wako.

Kisha wakili aandike barua ya onyo: amri ilisema hivi, ulikabidhiwa siku hii, umefanya hivi siku hii, tunakupa siku 7 urekebishe. Wengine huidharau hatua hii. Mimi nimepeleka barua nyingi za namna hiyo, na zaidi ya mara moja seng'enge imeng'olewa kabla ya siku ya saba. Asiporekebisha, barua hiyo hiyo itamwambia jaji kwamba aliyafanya akijua na kwa makusudi.

Ombi lenyewe

Kenya iliwahi kuwa na sheria maalumu ya kudharau mahakama, ya 2016. Mahakama Kuu iliitangaza kuwa batili Novemba 2018, kwa kukosa ushirikishwaji wa umma na kwa kuingilia uhuru wa Mahakama. Hata sasa naona maombi yakiitaja, na upande wa pili hufurahi. Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani zina mamlaka yao kupitia kifungu cha 5 cha Judicature Act, Sura ya 8, kinachozipa uwezo ule ule ulio nao Mahakama Kuu ya Uingereza katika jambo hili. Kama amri yako ni ya kuzuia iliyotolewa kesi ikiendelea, taja pia kifungu cha 63 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai na Agizo la 40 kanuni ya 3: humo mna kukamata mali ya aliyekaidi, na kifungo kisichozidi miezi 6. Kesi za ardhi zina kifungu cha 29 cha Sheria ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi, chenye meno marefu: faini isiyozidi shilingi milioni 20, au kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote viwili. Mahakimu nao wana kifungu cha 10 cha sheria yao ya 2015.

Ombi lipelekwe katika korti ile ile iliyotoa amri, ndani ya faili ile ile. Zamani ulihitaji kuomba ruhusa kwanza. Mwaka 2014 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Christine Wangari Gachege dhidi ya Elizabeth Wanjiru Evans, ilieleza kwamba kwa uvunjaji wa hukumu au amri, ruhusa hiyo haihitajiki tena.

Kwenye kiapo chako, usimwage hasira. Taja mtu kwa jina lake, amri na tarehe yake, kifungu gani cha amri, siku gani kilivunjwa na kwa tendo gani. Bandika amri, kiapo cha ufikishaji, barua ya onyo, picha na cheti chake. Kila tendo la uvunjaji liwe na aya yake na tarehe yake, kwa maana mshtakiwa lazima ajue anajibu nini. Ombi nalo afikishiwe mwenyewe mkononi, kwa uangalifu ule ule, kwa sababu uhuru wake uko mezani na hakuna jaji atakayemfunga mtu aliyeweza kusema hakuitwa.

Siku ya kusikilizwa

Kipimo cha ushahidi hapa ni kizito. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, 1985, korti zetu zinasema ushahidi lazima uzidi ule wa kesi ya kawaida ya madai, ukaribie ule wa jinai bila kuufikia kabisa. Jaji atatafuta mambo manne: kwamba amri ilikuwa wazi na inamfunga mtu huyu, kwamba aliijua, kwamba aliivunja, na kwamba aliivunja makusudi. Ukikosa moja, umekosa.

Utetezi nao nimeusikia mpaka naukariri. "Sikupata amri": kiapo chako kinajibu. "Sikuielewa": ndiyo sababu nilikwambia uisome mapema. "Haikuwezekana": hili lichukulie kwa uzito, kwa sababu mtu aliyejaribu kwa dhati akashindwa hajadharau. "Nimekata rufaa": kukata rufaa peke yake hakusimamishi amri, mpaka korti itoe amri ya kusimamisha. "Amri yenyewe haikuwa halali": mtu hachagui amri za kutii. Anaitii kwanza, kisha anakwenda kortini kuomba ifutwe.

Akipatikana na hatia, kwa kawaida huitwa siku nyingine kujieleza kabla ya adhabu, na hapo ndipo wengi hutii. Usivunjike moyo ukiona hakufungwa. Septemba 2024 Mahakama Kuu ilimhukumu kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi Gilbert Masengeli kifungo cha miezi 6 kwa kutofika kortini alipoitwa kuhusu watu waliotekwa Kitengela, lakini ikampa siku 7 afike mwenyewe. Alifika, akaomba radhi, na adhabu ikaondolewa. Watu wengi walikasirika. Mimi niliona afisa mkubwa kabisa amesimama alipotakiwa kusimama, na hilo ndilo jaji alilolitaka tangu mwanzo.

Unayemdai ni serikali? Ofisi za umma, zikiwemo za kaunti, hazikamatwi mali. Ukishinda pesa, chukua kwanza cheti cha amri ukifikishe, na usipolipwa omba mandamasi, yaani amri ya kumlazimisha afisa mwenye dhamana ya fedha atimize wajibu wake. Huyo akiikaidi, yeye binafsi, kwa jina lake, ndiye anayeitwa kujibu kudharau mahakama. Ni njia ndefu, na afisa akihamishwa katikati yake, mnaanza na jina jipya.

Na kama karatasi imeletwa kwako wewe, ipokee. Usiirushe, usimtukane aliyeileta. Itii siku hiyo hiyo, piga picha za utiifu wako, kisha mtafute wakili aombe ifutwe au ibadilishwe. Kama huwezi kutii ndani ya muda uliopewa, rudi kortini kabla muda haujaisha uombe uongezewe. Anayekwenda kabla husikilizwa kwa sikio jingine kabisa kuliko anayeletwa na polisi.

Mama yule hakumfunga jirani yake. Siku ya kujieleza, mzee alikuja na wanawe wawili akamwambia jaji kwamba seng'enge imeshaondolewa. Wakili wetu hakukubali kwa maneno. Aliomba siku 3, akanituma nikapige picha kutoka mahali pale pale pa picha za mwanzo, nikakuta nguzo mbili bado zimesimama katikati ya njia. Ziling'olewa mbele yangu. Ndipo mawakili wakaandika maafikiano yaliyotiwa sahihi na kuingizwa kwenye faili: njia upana wake mita ngapi, kutoka wapi hadi wapi, gharama za mama zilipwe na nani na lini. Ukifika hapo nawe, usiondoe ombi lako mpaka karatasi hiyo imepokewa na jaji kama amri ya korti, kwa sababu jirani akibadilika mwakani, hiyo ndiyo nitakayobeba kwenda kumpigia hodi.